Uhalali Hupimwa Wapi? Shauri la Matovu Likitazamwa Kutoka Arua na Koboko

Dhahabu ya Kongo ndiyo iliyoitikisa katiba ya kwanza ya Uganda huru. Kati ya mwaka 1964 na 1965 waasi waliokuwa wakipigana mashariki mwa Kongo walisaidiwa na Kampala, na mlango wao ulikuwa West Nile, eneo la kaskazini-magharibi mwa Uganda ambamo zimo Arua na Koboko. Februari 1965 ndege za Kongo zilidondosha mabomu Paidha na Goli, ndani ya mpaka wa Uganda. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 4 Februari 1966, mbunge Daudi Ocheng alisimama bungeni akitaka Idi Amin, naibu kamanda wa jeshi, achunguzwe kuhusu dhahabu na pembe za ndovu zilizovushwa mpakani. Tuhuma zilimgusa pia Waziri Mkuu, Milton Obote. Tarehe 22 mwezi huohuo Obote aliwatia kizuizini mawaziri wake watano. Siku mbili baadaye akaisimamisha katiba ya mwaka 1962. Tarehe 15 Aprili wabunge walipitisha katiba mpya bila kuisoma, wakaambiwa kwamba nakala watazikuta kwenye visanduku vyao vya barua.

Mwezi uliofuata alikamatwa Michael Matovu, chifu wa Buddu katika ufalme wa Buganda. Mawakili wake walikwenda Mahakama Kuu kuomba afikishwe mbele ya majaji na kuachiliwa. Ombi la mtu mmoja kuhusu uhuru wake likageuka kuwa swali ambalo falsafa ya sheria hulihangaikia tangu zamani: sheria inapata wapi nguvu ya kuitwa sheria? Majaji watatu wakiongozwa na Jaji Mkuu Udo Udoma, raia wa Nigeria, waliona kwamba hawawezi kumsikiliza Matovu kabla ya kuamua kama katiba ambayo chini yake walikuwa wamekaa ni halali.

Jibu walilitoa Vienna. Hans Kelsen, katika nadharia yake safi ya sheria iliyotoka mwaka 1934, alifundisha kwamba kila kanuni hupata uhalali kutoka kwa kanuni iliyo juu yake. Ukipanda ngazi hadi mwisho unafika kwenye kanuni ya msingi, ambayo haina iliyo juu yake, na inabidi uichukulie tu kuwa ipo. Mapinduzi yakifaulu, yaani watu kwa jumla wakianza kuutii utaratibu mpya, kanuni ya msingi imebadilika. Mahakama ya Juu ya Pakistan ilikuwa imeitumia hoja hiyo mwaka 1958 katika shauri la Dosso. Mwanasheria Mkuu wa Uganda, Godfrey Binaisa, aliileta Kampala, na majaji wakakubali: yaliyotokea kati ya Februari na Aprili yalikuwa mapinduzi, yamefaulu, na katiba ya 1962 haipo tena.

Jambo moja katika shauri hilo limepewa uzito mdogo kuliko unaostahili. Mahakama ilijuaje kwamba utaratibu mpya unatiiwa? Ilisoma hati za kiapo. Waliozitoa walikuwa wakuu wa idara za serikali, na walisema kwamba wao na watumishi walio chini yao wanaitambua katiba mpya na kuitekeleza. Hakuna mzee wa ukoo aliyeulizwa, wala mfanyabiashara wa mpakani, wala mkulima wa Maracha. Uhalali wa dola nzima ulithibitishwa na watu ambao dola hiyo ndiyo iliyowalipa mishahara.

Makala haya yanadai kwamba hapo ndipo hoja ilipopinda. Kosa la shauri la Matovu halikuwa tu kuuchukulia utii kuwa kipimo cha uhalali. Lilikuwa pia kupima utii mahali pamoja, makao makuu, na kudhani kwamba kilichopimwa pale ndicho kilichopo kote. West Nile ni mahali pazuri pa kuipimia dhana hiyo, kwa sababu watu wake wameshuhudia wenye mamlaka wakija na kuondoka mara nyingi kuliko maeneo mengi ya Afrika Mashariki.

Tuanze na ardhi yenyewe. Arua na Koboko zilikuwa ndani ya eneo la Lado, ambalo Uingereza ililikodisha kwa Mfalme Leopold II wa Ubelgiji mwaka 1894. Leopold alipofariki Desemba 1909 mkataba wake ukaisha, na mwaka 1910 Lado ikaingizwa Sudan. Mwaka 1914 sehemu ya kusini ikahamishiwa Uganda, na mkuu wa kwanza wa wilaya kwa upande wa Waingereza, A. E. Weatherhead, akaweka kituo chake Arua. Mtu aliyezaliwa Vurra mwaka 1890 alibadilishiwa dola mara tatu kabla ya kufikisha miaka 25, bila kuhama kijiji.

John Austin, ambaye mihadhara yake ilichapishwa London mwaka 1832, alieleza sheria kuwa amri ya mtawala mkuu ambaye jamii imezoea kumtii, amri iliyobeba tishio la adhabu. Kwa kipimo hicho Walugbara, wenyeji wa Arua, wa karne ya 19 hawakuwa na sheria kabisa. Mwanaanthropolojia John Middleton, aliyeishi kwao kuanzia mwaka 1949, aliwakuta watu ambao kwa asili hawakuwa na mfalme wala machifu wenye madaraka ya dola. Machifu waliwekwa na wageni. Mamlaka yalikuwa ya wazee wa koo. Hata hivyo watu walijua ni nani asiyeweza kumwoa nani, shamba gani ni la ukoo gani, na mtu akiuawa deni linamwangukia nani. Mzee hakuwa na polisi. Alikuwa na mahali patakatifu pa mababu, alikuwa na heshima, na alikuwa na ndugu waliojua kwamba kesho wao ndio watakaohitaji kusikilizwa.

H. L. A. Hart wa Oxford, katika kitabu chake cha mwaka 1961, aliiondoa sheria mikononi mwa Austin kwa hoja inayowafaa Walugbara kuliko alivyotarajia mwenyewe. Alisema kuna tofauti kati ya kulazimishwa na kuwajibika. Anayemkabidhi jambazi mkoba wake amelazimishwa. Anayelipa deni kwa kuona kwamba anapaswa kulilipa anawajibika, na anaitazama kanuni kutoka ndani. Kwa Hart jamii isiyo na mtawala yaweza kuwa na kanuni za kweli. Lakini naye alipofika kwenye dola ya kisasa alirudi nyuma hatua moja: ilimtosha kwamba maofisa waitazame kanuni ya utambuzi, ile inayoonyesha kipi ni sheria, kutoka ndani, na raia watii tu, hata kama ni kwa woga. Hati za kiapo za Kampala zingemridhisha Hart karibu sawa na zilivyowaridhisha majaji.

Miaka 5 baada ya katiba ya visanduku vya barua, kipimo hicho kilipata mteja mpya. Amin, Mkakwa ambaye ukoo wake ni wa Koboko, aliipindua serikali tarehe 25 Januari 1971. Tangazo la Kisheria Namba 1 la mwaka huo lilitolewa Februari, likahesabiwa kuwa limeanza kufanya kazi tangu siku ya mapinduzi. Liliondoa Bunge na kumpa mtu mmoja mamlaka ya kutunga sheria. Hapakuwa na haja ya kubuni nadharia mpya. Mahakama ilikuwa imekwisha kusema kwamba anayeshinda na kutiiwa ndiye chanzo cha sheria. Amri zilifuatana: mwaka 1971 wanajeshi walipewa uwezo wa kukamata watu bila hati, na baadaye makosa ya kiuchumi yakapelekwa kwenye mahakama za kijeshi. Tarehe 21 Septemba 1972 Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka alichukuliwa na watu wenye silaha kutoka Mahakama Kuu yenyewe, na hakurudi.

Wapo wanaosema kwamba enzi ya Amin haikuwa na sheria hata kidogo. Kauli hiyo inafariji, lakini si sahihi. Mwaka 1974 Amin mwenyewe aliunda tume ya kuchunguza watu waliopotea tangu Januari 1971, chini ya Jaji Mohamed Saied, na tume ikaorodhesha matukio 308. Taratibu zilikuwepo, mihuri ilikuwepo, maofisa walikuwepo. Lon Fuller wa Harvard, aliyebishana na Hart kuanzia mwaka 1958, alidai kwamba utaratibu ukikosa sifa fulani, kama vile sheria kutangazwa, kutorudi nyuma, na maofisa kuzifuata sheria walizotangaza, haustahili kuitwa sheria. Mtazamo wa Fuller unaona zaidi hapa kuliko ule wa Kelsen, kwa kuwa unamdai mtawala jambo fulani, haumhesabii tu wanaomtii.

Kisha ikaja zamu ya West Nile kulipa. Amin aliondolewa Aprili 1979. Utaratibu mpya ulitiiwa Kampala, na Binaisa, wakili wa hoja ya Kelsen, alikuwa Rais kuanzia Juni mwaka huo hadi alipoondolewa na wanajeshi Mei 1980. Oktoba 1980 wanajeshi wa zamani wa Amin walivuka mpaka, wakaishambulia Koboko na kusonga hadi Arua. Jeshi la serikali liliporudi lililipiza kisasi kwa raia, kana kwamba kila aliyezaliwa upande ule wa Nile alikuwa Amin. Watu kwa maelfu walikimbilia Sudan na Zaire, kama Kongo ilivyoitwa wakati huo. Tarehe 24 Juni 1981, katika misheni ya Kikatoliki ya Ombaci, nje kidogo ya mji wa Arua, makumi ya raia waliokuwa wamejihifadhi pale waliuawa na wanajeshi.

Kelsen alisema utaratibu ni halali ukiwa unatiiwa kwa jumla, na kwa hesabu ya jumla serikali ya wakati huo ilitiiwa: ofisi zilifunguliwa, majaji walikaa, kodi zilikusanywa. Lakini jumla hiyo ilikuwa imeimeza wilaya nzima iliyobaki tupu. Watu waliokimbia hawakuwa waasi dhidi ya sheria, wala si sawa kusema waliitii. Walitoka nje ya mizani. Nadharia ambayo kwake kuhama kwa watu wa eneo zima hakubadilishi chochote kuhusu uhalali wa wanaowatawala ina kasoro kwenye msingi wake, si kwenye matumizi tu.

Kuna utetezi wa majaji wa Matovu, na ni mzito. Wangefanya nini? Kama wangesema katiba mpya ni batili, wangekuwa wamejiondolea viti vyao wenyewe, na ndoa, mikataba na hukumu za miezi kadhaa zingening'inia hewani. Lakini palikuwa na njia ya katikati, na si ya kubuni leo. Mwaka 1972 mahakama ya Pakistan, katika shauri la Asma Jilani, iliikana hukumu yake ya Dosso. Ilikubali kwamba matendo ya kila siku ya mnyang'anyi wa madaraka yanaweza kuachwa yasimame kwa sababu ya dharura, ili wananchi wasiumie, na wakati huohuo ikakataa kumvika mnyang'anyi taji la uhalali. Kelsen mwenyewe hakukusudia kuwafundisha majaji nani wa kumtii. Alikusudia kueleza namna mwanasayansi wa sheria anavyoutambua mfumo. Majaji wa Kampala waliyachukua maelezo wakayafanya amri.

Waganda waliujibu uamuzi huo mwaka 1995. Ibara ya 3 ya katiba yao inasema katiba haitapoteza nguvu hata kama utekelezaji wake utakatizwa na serikali iliyowekwa kwa mtutu wa bunduki. Hilo ni kanusho la Matovu lililoandikwa waziwazi ndani ya katiba. Ibara ya 126 inakwenda mbali zaidi: mamlaka ya kuhukumu hutoka kwa wananchi na yatumike kulingana na maadili na matarajio yao, na mapatano kati ya wenye ugomvi yahimizwe. Hapo sheria kuu ya nchi ilikiri kwamba mzizi wake hauko kwa maofisa peke yao.

Kukiri ni jambo moja. Je, itakuwaje matarajio ya wananchi yakigongana na sheria iliyotungwa? Arua ina mfano unaomnyima raha kila mwanafalsafa. Wakimbizi waliporudi kutoka Zaire, vijana wengi waliishi kwa kuuza petroli ya magendo kando ya barabara, kwenye madumu na chupa. Watu wakawaita Opec Boys. Kwa sheria ya ushuru walikuwa wahalifu. Kwa watu wengi wa mji walikuwa vijana wanaojitafutia riziki mahali ambapo serikali ilileta wanajeshi kabla ya kuleta ajira. Watafiti Kristof Titeca na Tom de Herdt, walioandika kuhusu biashara ya mpakani ya West Nile mwaka 2010, walionyesha kwamba haikuwa vurugu: ilikuwa na kanuni zake za kiutendaji, ambazo wafanyabiashara na maofisa pia walizifahamu na kuzijadili.

Mfano huu haufai kupambwa. Kanuni zilizokubaliwa mtaani zinaweza kumpendelea tajiri mwenye malori kuliko mama mwenye dumu moja, kama vile mila za ukoo zinavyoweza kumnyima mjane shamba. Kukubalika peke yake hakutoshi kuifanya kanuni iwe ya haki. Kinachoonekana ni kidogo zaidi lakini kigumu kukanusha: ofisa wa ushuru wa Arua aliyetaka sheria yake ifanye kazi alilazimika kuwaeleza watu sababu, na pale aliposhindwa kueleza, ibara na namba za sheria hazikumsaidia.

Mahali ambapo hoja hii inajaribiwa leo ni kwenye ardhi. West Nile, iliyowahi kukimbiwa, sasa inapokea wakimbizi: Wasudan Kusini huko Rhino Camp na Imvepi, Wakongo huko Lobule wilayani Koboko. Ardhi hiyo kwa sehemu kubwa ni ya kimila, aina ya umiliki ambayo katiba ya 1995 na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1998 zinaitambua. Serikali, kupitia Ofisi ya Waziri Mkuu, iliipata kwa kuzungumza na wazee wa koo, na mara nyingi ahadi za shule, zahanati na maji zilitolewa kwa mdomo. Wazee wengine wanasema walitoa ardhi kwa sababu wao nao walipewa ardhi Sudan na Zaire miaka ya 1980. Ugomvi wa mipaka ukifika mbele ya jaji wa Arua, atakuta ahadi isiyo na karatasi, ambayo pande zote mbili ziliichukulia kuwa inawafunga. Akiitafuta hati ya kiapo ya ofisa ataipata. Ibara ya 126 inamtaka awasikilize pia wale walioitoa ardhi.