Mambéty na Safari ya Fisi

Ukimtaja Sembène Ousmane mbele ya wapenzi wa sinema za Afrika, utaona vichwa vinatikisika. Sasa mtaje Djibril Diop Mambéty. Kimya. Hata mimi nilichelewa kumjua. Jamaa huyu alitengeneza filamu ndefu mbili tu maisha yake yote, na kati ya ya kwanza na ya pili ilipita miaka 19. Lakini hizo mbili, acha tu.

Alizaliwa mwaka 1945 Colobane, Dakar, mtoto wa imamu. Sinema hakuisomea popote. Alianza kwa kuigiza jukwaani, katika ukumbi wa taifa wa Daniel Sorano, wakamfukuza kwa utovu wa nidhamu. Angeweza kurudi kupiga magoti. Yeye akashika kamera. Mwaka 1968 akatoa filamu fupi, Contras' City, mwaka 1970 Badou Boy, na mwaka 1973, akiwa na miaka 28, akatoa Touki Bouki kwa takriban dola 30,000.

Jina hilo kwa Kiwolofu maana yake ni safari ya fisi. Sisi tuliokuzwa na hadithi za sungura na fisi hatuhitaji mkalimani: Bouki wa Senegali ni mlafi yuleyule, na sungura wao, Leuk, humchezea vilevile. Fisi wa Mambéty ni Mory, mchunga ng'ombe anayeendesha pikipiki iliyofungwa fuvu la ng'ombe lenye pembe mbele. Mpenzi wake, Anta, ni mwanafunzi wa chuo kikuu. Wanataka kwenda Paris. Nauli hawana, basi wanaiba. Josephine Baker anaimba kuhusu Paris, tena na tena, mpaka unatamani anyamaze. Katikati ya ndoto hizo Mambéty anakutupa machinjioni, damu inatiririka sakafuni, halafu anakurudisha baharini bila kukueleza chochote. Mara ya kwanza nilidhani mkanda umeharibika!

Mwishoni Anta anapanda meli. Mory anafika ngazini, anageuka, anakimbia kurudi mjini. Nimekulia Dar, ambako vijana wa mtaani kwetu walikuwa wakizamia melini, kwa hiyo nilijikuta nabishana na filamu hii peke yangu. Wapo wanaosema Mambéty alikuwa anatuambia tusiende. Mimi sikubali. Anta anaondoka na hakuna anayemwadhibu. Magaye Niang, aliyecheza Mory, yeye alibaki Dakar kwelikweli. Mwaka 2013 Mati Diop, mtoto wa kaka yake Mambéty, alimfuata huko na kamera akatengeneza Mille soleils.

Filamu ndefu ya pili, Hyènes, ilitoka mwaka 1992, nayo imetokana na tamthilia ya Mswisi Friedrich Dürrenmatt. Bibi mmoja, Linguère Ramatou, anarudi Colobane akiwa tajiri kama Benki ya Dunia. Zamani alipewa mimba na Dramaan, ambaye aliikana mahakamani kwa mashahidi wa kununuliwa. Sasa anawaahidi watu wa mji fedha za kumwaga, ila kwanza Dramaan auawe. Wote wanakataa kwa hasira. Halafu mmoja mmoja wanaanza kukopa vitu dukani kwa Dramaan mwenyewe. Hapo ndipo mwili ulinisisimka, maana mwenye duka anaona bei ya kichwa chake inapitishwa kaunta. Waliopitia miaka ya masharti ya Benki ya Dunia hawatauliza fisi ni nani.

Mwaka 1994 faranga ya CFA ilishushwa thamani kwa nusu, naye akajibu kwa Le Franc, kichekesho cha mwanamuziki fukara aliyebandika tiketi ya bahati nasibu mlangoni. Tiketi inashinda, gundi haibanduki, inabidi abebe mlango mzima kupita nao mjini.

Alifariki Paris mwaka 1998 kwa kansa ya mapafu, akiwa na miaka 53. Filamu yake ya mwisho, La Petite Vendeuse de Soleil, ilitoka mwaka 1999. Ina dakika 45 tu. Sili, msichana anayetembea kwa gongo, anaamua kuuza magazeti kama wavulana. Anachagua Le Soleil, gazeti la serikali, ili serikali iwe karibu na watu. Mwandishi wa habari yeyote angecheka hapo, na mimi nilicheka. Wavulana wanamwibia gongo. Rafiki yake Babou anamuuliza wafanyeje. Sili anasema waendelee, basi Babou anambeba mgongoni.