Fumo Liyongo: Shujaa Mmoja, Hatua Tatu

Vijana wa hapa Nyangoto huzisifu sana filamu tatu za Batman alizoziongoza Christopher Nolan, za mwaka 2005, 2008 na 2012. Katika ya kwanza shujaa huishinda hofu yake. Katika ya pili hubeba lawama isiyo yake. Katika ya tatu huvunjwa, kisha huinuka. Nami huwakumbusha kuwa mwambao wetu uliijua njia hiyo zamani. Edward Steere alichapisha hadithi ya Liyongo mwaka 1870, na mwaka 1913 Muhammad Kijumwa wa Lamu akaitungia utenzi.

Utenzi huo nao una hatua tatu, na katika kila hatua adui humkaribia shujaa zaidi.

Kwanza ni watu wa kukodiwa. Wanakula naye kikoa, kila mmoja akikwea mkoma kwa zamu ili kuangua makoma, wakinuia kumpiga mishale zamu yake itakapofika. Liyongo hakwei, anayaangua matunda kwa mishale yake. Hapa msomaji hucheka.

Pili ni mfalme wa Pate, anayemtia gerezani. Mama yake anampelekea mkate wa wishwa wenye tupa ndani. Walinzi wanaudharau, wakala chakula kizuri. Usiku wa gungu, ngoma inapovuma, Liyongo anakata minyororo. Kicheko kimekwisha, hapa tunashusha pumzi kwa hofu.

Tatu ni mwanawe wa kumzaa, aliyeahidiwa cheo. Anamuuliza baba ni kitu gani kiwezacho kumuua. Baba anatambua kuwa kijana ametumwa, na bado anamwambia: sindano ya shaba kitovuni. Nguvu zilizoshinda mishale na minyororo hazikuwa kinga dhidi ya mapenzi ya mzazi.

Jambo la kustaajabisha ni kwamba filamu hubadili mwanga na muziki ili kubadili hali, ilhali mtunzi wa utenzi habadili chochote katika umbo. Vipande ni vinne, mizani ni nane, na kina cha mwisho ni kilekile toka ubeti wa kwanza hadi wa mwisho. Pigo lililotuchekesha chini ya mkoma ndilo linalotuliza kisimani.

Kwani Liyongo aliyechomwa hakuanguka. Alipiga goti karibu na kisima, upinde mkononi, akafa hivyo. Watu wakashikwa na kiu, wasithubutu kuteka maji, hata mamaye akaletwa kumbembeleza. Maiti ilipoanguka ndipo walipojua.

Batman wa filamu ya tatu anaachiwa maisha mapya. Liyongo hakuachiwa, na mwanawe naye hakufaidi alichoahidiwa. Kwa hiyo, ndugu msomaji, ukimfundisha kijana utenzi huu, usimuulize tu Liyongo alikuwa na nguvu kiasi gani. Muulize kwa nini alijibu.