Wa Ishirini na Tano

Matokeo ya mtihani shuleni kwetu yalibandikwa ukutani, nje ya ofisi ya mwalimu mkuu. Waliojiamini walianza kusoma juu. Mimi nilianza chini na kupanda taratibu, nikiomba nisikutane na jina langu mapema. Tabia hiyo imenifuata hadi kwenye shahada ya uzamili ya historia: nikiona jedwali lolote la matokeo, jicho linakimbilia mistari ya mwisho. Ndivyo nilivyokutana na Victor Arbez.

Ni tarehe 21 Februari 1960, Squaw Valley, California. Kwa mara ya kwanza biathloni ipo kwenye Olimpiki ya Majira ya Baridi kwa jina lake hilo. Wanaume 30 wanateleza kwa skii kilomita 20, bunduki mgongoni, na njiani wanasimama mara nne kupiga shabaha, risasi tano kila mara. Anayekosa shabaha moja anaongezewa dakika 2 kwenye muda wake. Dakika 2 nzima, kwa risasi moja iliyopita pembeni.

Arbez, Mfaransa, aliteleza kwa kasi kuliko wote: saa 1, dakika 25 na sekunde 58. Hakuna aliyemshinda kwenye theluji siku ile. Lakini kati ya shabaha 20 alikosa 18. Zikaongezwa dakika 36, na jina lake likaandikwa kwenye nafasi ya 25.

Aliyechukua dhahabu ni Klas Lestander wa Uswidi. Kwa kuteleza peke yake alikuwa wa 15, nyuma ya Arbez kwa zaidi ya dakika 7. Ila hakukosa hata shabaha moja. Muda wake ulibaki vilevile alivyouleta: 1:33:21.6. Nyuma yake wakaja Antti Tyrväinen wa Finland, aliyekosa mbili, kisha Aleksandr Privalov wa Umoja wa Kisovieti, aliyekosa tatu, kisha Vladimir Melanin, Msovieti mwingine, aliyekosa nne. Ondoa adhabu, uwapange wanne hao kwa kuteleza tu: orodha inapinduka yote, wa nne anakuwa wa kwanza na bingwa anakuwa wa mwisho.

Nilipiga hesabu pembeni ya daftari. Arbez angeruhusiwa kukosa shabaha tatu na bado angeshinda. Hakuhitaji kuwa mlengaji hodari. Alihitaji kuwa wa kawaida tu.

Siyo kwamba kulenga kule kulikuwa rahisi. Moyo unadunda kama ngoma, kifua kinapanda na kushuka, vidole vimekufa ganzi kwa baridi, na mtu anatakiwa atulie mpaka mtutu usitikisike. Bunduki zenyewe zilikuwa za risasi kubwa, za aina ya kijeshi, na shabaha ziliwekwa mbali kuliko leo. Hizi bunduki ndogo za mita 50 zilikuja mwaka 1978. Mchezo ulitoka jeshini. Mwaka 1924, Chamonix, Ufaransa, kulikuwa na mashindano ya doria ya kijeshi, askari wakienda kikosi kizima kwa skii na silaha. Ukiujua ukoo huo, zile dakika 2 zinaeleweka: askari anayewahi kufika halafu akakosa amewahi kwa faida ya nani?

Hapa ndipo nilipokwama kwa wiki nzima. Leo, katika mbio hizihizi za kilomita 20, shabaha moja iliyokosa inamgharimu mtu dakika 1. Nikarudi kwenye daftari, nikaitumia adhabu ya leo kwa matokeo ya 1960. Melanin anapata 1:31:42. Privalov 1:31:54. Tyrväinen 1:31:57. Lestander, ambaye hana adhabu ya kupunguziwa, anabaki na 1:33:21 yake na kuporomoka kutoka dhahabu hadi nje ya medali. Najua kwamba kanuni ingekuwa nyingine na wao wangeteleza na kulenga kwa namna nyingine. Hilo ndilo jambo la kwanza msimamizi wangu angelisema. Hata hivyo sikuweza tena kulitazama lile jedwali kama kitu kilichotoka mbinguni. Kuna watu waliokaa mezani wakaamua kosa lina bei gani.

Wasovieti waliielewa bei hiyo. Mwaka 1964, Innsbruck, Melanin na Privalov walirudi kwenye mbio zilezile. Wote wawili walipiga shabaha 20 kwa 20. Melanin dhahabu, Privalov fedha. Watu wawili walioshindwa kwa makosa manne na matatu walirudi baada ya miaka minne bila kosa, na bado mmoja akawa wa pili.

(Na sisi tunaosoma kutoka chini tunaye wetu: Philip Boit wa Kenya, Nagano 1998, wa mwisho kwenye kilomita 10 za skii, na bingwa Bjørn Dæhlie akamsubiri kwenye mstari amkumbatie.)

Dada yangu alikuwa mwepesi kuliko wote darasani. Hesabu tulizozihangaikia nusu saa alizimaliza huku anaongea. Mtihani wa kidato cha nne alitoka wa kwanza chumbani, na alipofika nyumbani akagundua kwamba hakugeuza ukurasa wa mwisho. Pale ukutani paliandikwa namba yake na daraja. Hapakuwa na sehemu ya kuandika kwamba alitoka wa kwanza. Leo ana duka la vifaa vya umeme, anapiga hesabu za wateja kichwani, na mtihani ule hatuuzungumzii.

Juzi nilimsimulia habari za Arbez kwenye simu. Akasikiliza kimya mpaka mwisho.

"Sasa huyo Mfaransa, ule muda wake wa kuteleza waliuandika?"

Nikamwambia waliuandika. Una safu yake, kabla ya adhabu.

"Peke yake?"

"Peke yake."

"Haya," akasema, halafu akaniambia ana mteja.