Kusikilizwa mbele ya kufukuzwa kazini: haki iliyotoka mbali

Katika kambi za wahami unasikia mara nyingi maneno haya: "Nilikuwa na kazi. Siku moja mkubwa akaniambia, kesho usirudi." Hakuna barua, hakuna sababu, hakuna aliyemuuliza kitu. Wengi wanafikiri ndivyo kazi ilivyo. Sivyo. Haki ya mtumikaji kuambiwa kosa lake na kujibu ina historia katika inchi yetu.

Tuanzie wakati wa Wabelgiji. Dekreti ya tarehe 16 mwezi wa 3 mwaka 1922 juu ya mapatano ya kazi iliweka adhabu ya gereza kwa Mwafrika aliyevunja mapatano yake. Aliyeacha kazi hakuwa na maneno na bwana wake peke yake. Serikali nayo ilimhesabu kuwa mhalifu. Sendika ya kumsemea haikuwapo.

Mwezi wa 12 mwaka 1941, vita ikiwa imepandisha bei ya vitu, watumikaji Waafrika wa Union Minière kule Katanga waligoma, wakidai mshahara uongezwe. Kule Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, walikusanyika kwenye uwanja wa mpira wakingoja jibu. Tarehe 9 askari waliwapiga risasi. Karani Léonard Mpoyi, aliyesema kwa niaba ya wenzake, alikuwa kati ya waliouawa. Ni mwaka 1946 tu ndipo utawala uliruhusu sendika za Waafrika, nazo chini ya macho yake.

Kisha uhuru, sheria zilibadilika. Mwaka 1967 inchi ilipata Kanuni yake ya Kazi. Mwaka 1987 ilitia sahihi yake kwenye mapatano namba 158 ya Shirika la Kimataifa la Kazi. Mapatano hayo yanasema kwamba mtu asifukuzwe kwa ajili ya mwenendo au utendaji wake mbele ya kupewa nafasi ya kujitetea.

Sheria namba 015 ya tarehe 16 mwezi wa 10 mwaka 2002, iliyorekebishwa mwaka 2016, ndiyo inayotumika katika makampuni na mashirika. Watumishi wa serikali wana sheria yao ingine. Inasema kwamba mtu mwenye mapatano yasiyo na mwisho hafukuzwi bila sababu ya kweli, na barua ya kumwachisha lazima itaje sababu hiyo. Kwa kosa zito, mkubwa ana siku 15 za kazi, tangu alipojua jambo lile, kuandika uamuzi wake. Akitaka kumsimamisha mtu ili uchunguzi ufanyike, amjulishe ndani ya siku 2 za kazi. Mtu akifukuzwa bila sababu ya kweli, anaweza kurudishwa kazini. Kama hapana, tribinali inamkatia malipo, yasiyopita mishahara ya miezi 36.

Njia yenyewe ni hii: kwanza kwa inspekta wa kazi, anayejaribu kuwapatanisha. Wasipopatana, ndipo tribinali.

Wahami wanauliza: "Na karatasi zangu zilizoungua?" Sheria haikuwasahau. Pasipo mapatano ya maandishi, inahesabu kwamba kazi ilikuwa ya muda usio na mwisho, mpaka mwingine aonyeshe kinyume. Na mtumikaji anaweza kuonyesha kwa njia zote kwamba alitumika pale: wenzake wa kazi, ujumbe wa simu, alama ya malipo.

Tunajua ofisi zingine zimefungwa kwa sababu ya vita, na si kila mtu ana nauli ya kufika mjini. Hata hivyo, andika leo tarehe uliyofukuzwa, maneno uliyoambiwa, na majina ya waliosikia. Ukiitwa kujieleza, nenda, jibu kwa maandishi, ubaki na kopi. Usitie sahihi karatasi usiyoielewa; tafuta wa kukusomea kwanza.