Chuma Kinacholia

Marehemu baba alikuwa fundi bati pale Gerezani, Dar es Salaam. Hakununua kipande cha chuma bila kukigonga kwanza. Chuma kizima hulia, alikuwa akisema, chenye ufa hukohoa. Miaka mingi baadaye, nikiwa mchomeleaji hapa Berlin, mzee mmoja wa karakana yetu alinipa kaseti ya Einstürzende Neubauten. Nilidhani redio imeharibika. Kisha nikatambua bati nene likigongwa, na nyuma yake springi ya gari. Nikavuta kiti.

Jina la kundi maana yake ni majengo mapya yanayoporomoka. Lilipanda jukwaani mara ya kwanza tarehe 1 Aprili 1980, katika klabu ya Moon, Berlin Magharibi. Siku 50 baadaye sehemu ya paa la Kongresshalle, jengo la mwaka 1957, ikaanguka na kuua mtu. Mwimbaji wao, Christian Emmerich, mzaliwa wa 1959, alijiita Blixa Bargeld. Blixa ni kalamu ya wino wa buluu. Bargeld ni fedha taslimu. Fedha yenyewe hakuwa nayo.

Wasomi wakimweleza huanzia kwenye falsafa. Mimi naanzia mfukoni. Mwenzake, N.U. Unruh, aliuza ngoma zake kwa ukata, akaenda kuokota vyuma kwenye viwanja vya ujenzi. Studio je? Juni 1980 wawili hao walijipenyeza katika uwazi ulio ndani ya daraja la barabara kuu, wakarekodi humo, daraja lenyewe likiwa ngoma. Gerezani wangewaelewa bila kuuliza swali.

Tarehe 3 Januari 1984 wenzake Bargeld kadhaa waliingia ICA, nyumba ya sanaa jijini London, na mashine za kuvunjia na kuchanganyia zege na misumeno ya mnyororo. Wakaanza kulitoboa jukwaa. Baada ya dakika 20 hivi wenye nyumba wakawazuia, ukumbi ukachafuka. Mwaka 2007 msanii Jo Mitchell aliliigiza upya tukio hilo mahali palepale, pamoja na vurugu zake zote. Fujo iliyofanyiwa mazoezi! Baba angecheka hadi aweke nyundo chini.

Bargeld alikuwa na njia nyingine pia. Kuanzia 1983 hadi 2003 alipiga gitaa katika kundi la mwanamuziki Nick Cave, ndiyo maana anaonekana kwenye filamu ya Wim Wenders ya 1987, Der Himmel über Berlin, mwembamba kama nondo. Lakini filamu ninayoirudia ni ½ Mensch, ya Mjapani Sogo Ishii, iliyopigwa katika kiwanda cha chuma kilichotelekezwa, wacheza butoh, dansi ya Kijapani, wakijipinda humo kwa miili yao iliyopakwa weupe. Bargeld anasimama, anafungua kinywa, na kinatoka kilio chembamba, kikali, kama diski ya kukatia inapogusa bomba. Nilirudisha mkanda mara tatu nikitafuta mashine. Ni koo.

Tangu siku hiyo sikushangaa tena kumkuta kwenye tamthilia. Mwaka 1990 alikuwa Hamlet katika mchezo wa redio wa mwandishi wa tamthilia Heiner Müller, Die Hamletmaschine, uliotengenezwa na redio ya Ujerumani Mashariki wakati nchi yenyewe ikikata roho. Redioni hakuna sura wala koti jeusi la kumbeba. Katika filamu ya Austria ya 1996, Die totale Therapie, aliigiza mganga wa nafsi; kwa macho yangu hapo ni Bargeld yuleyule, ila amekaa kitini. Namwona bora zaidi akiwa peke yake na maikrofoni, fundi wa sauti akiwa mezani, anapoipanga sauti yake tabaka juu ya tabaka mpaka inakuwa umati.

Kisha, mwanzoni mwa miaka ya 2000, Hornbach, maduka ya vifaa vya ujenzi, wakampa katalogi yao asome kwenye matangazo: maelezo ya bidhaa, kama yalivyo, hakuna kilichoongezwa. Akayasoma kwa uzito wa Hamlet. Mimi nanunua diski zangu kwenye duka la aina hiyo. Nikifika rafu ya vyuma nagonga kimoja kwa kucha, natega sikio, ndipo naenda kulipa.