Mto Nairobi na Neno Lililoachwa

Kwa Kimaasai maji huitwa enkare, na mahali penye maji baridi, ambapo leo pamesimama mji mkuu wa Kenya, paliitwa Enkare Nairobi. Jina hilo lilikuwa la maji kabla ya kuwa la mji. Wafugaji waliujua mto kwa kuunywa na kuunyweshea mifugo, nao wakauita kwa sifa iliyowafaa.

Mto wenyewe ni mdogo. Asili yake mojawapo ni kinamasi cha Ondiri, karibu na mji wa Kikuyu. Kutoka huko huteremka kuelekea mashariki, ukapita katikati ya jiji, ukapokea maji ya Mathare na ya Ngong, kisha ukaingia Athi. Athi nao, ukiisha kukutana na Tsavo, huitwa Galana. Na ukaribiapo pwani huitwa Sabaki, hata ukamwagika baharini kaskazini ya Malindi. Maji ni yale yale, majina ni manne. Wala wingi huo si kosa, kwani watu huupa mto jina pale wanapouteka.

Reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896 ilifika hapo mwishoni mwa Mei 1899. Wahandisi walipata uwanda tambarare wa kuweka karakana kabla ya kuanza kupanda milima ya Wakikuyu, na maji yalikuwa karibu. Mwaka huo huo makao makuu ya reli yakahamishwa kutoka Mombasa. Kituo kikatwaa jina la mto, lakini kikatwaa nusu yake tu: enkare likaachwa, nairobi likabaki. Basi mji ukaitwa "baridi", pasipo kutajwa kitu kilicho baridi.

Yamkini jambo hili litadhaniwa kuwa la wanaisimu peke yao. Lakini mambo ya mji yalifuata mfano wa jina lake. Mwaka 1950 Nairobi ilipewa hadhi ya jiji. Watu wakaongezeka, viwanda vikaongezeka, na mto uliosifiwa kwa maji yake ukafanywa mfereji wa taka. Wasio na uwezo wa kupanga nyumba kwingine wakajenga vibanda kingoni. Mvua kubwa za Aprili 2024 zilipoujaza Mathare, watu walikufa na nyumba zikachukuliwa na maji. Kisha serikali ikaamuru kingo zihamwe, na yaliyosazwa na mafuriko yakabomolewa kwa tingatinga.

Waswahili husema mwacha asili ni mtumwa. Asili ya jiji hili ni maji, na ushahidi wake umo katika jina linalotamkwa kila siku. Mafuriko yale hayakuwa ugeni: mto ulirudi mahali pake, ukawakuta waliosukumwa huko kwa umaskini. Atakayepanga jiji upya hana budi kulisoma jina lote, kuanzia neno lile la kwanza lililoachwa.