Makaa ya mawe ya kusini: miaka 140 ya kusubiri njia

Mwaka 1881 Sultani Barghash bin Said wa Zanzibar alimwajiri mjiolojia kijana wa Kiskoti, Joseph Thomson, aende bara kumtafutia makaa ya mawe. Habari zilikuwa zimemfikia kwamba katika bonde la mto Ruvuma kuna mawe meusi yanayowaka, na kwa mtawala mwenye meli za moshi habari hiyo haikuwa ndogo. Meli yake Glasgow, iliyojengwa Uingereza mwaka 1878, ilikula makaa ambayo nayo yalilazimika kuvuka bahari kabla ya kufika Unguja. Thomson aliufuata Ruvuma, akaingia katika tawi lake la Lujenda, ambalo leo liko Msumbiji, akafika mahali palipotajwa, na hapo akakuta mwamba mweusi wenye mafuta kidogo usiofaa kuendesha chombo chochote. Aliporudi na jibu hilo Sultani hakufurahi. Makaa ya kweli yalikuwepo, ila mbali zaidi upande wa magharibi, katika milima inayotelemkia Ziwa Nyasa, kwenye ardhi ambayo leo ni wilaya za Mbinga, Ludewa na Ileje.

Tangu hapo hadithi ya makaa yetu ya mawe hapa Tanzania imesimuliwa kwa namna moja: kusini kuna utajiri umelala, anasubiriwa wa kuuamsha. Wanasiasa wameisema majukwaani, magazeti yameirudia kila bajeti inaposomwa, na tani zilizo chini ya ardhi zikahesabiwa kama fedha zilizokwisha kuwekwa benki. Mchuchuma peke yake, huko Ludewa, hutajwa kuwa na tani milioni 428. Kwa maoni yangu simulizi hiyo imetupotosha kwa muda mrefu. Makaa ya mawe ni mzigo mzito wa bei ndogo. Kilo moja ya dhahabu mtu huitia mkobani akapanda nayo ndege, lakini makaa yenye thamani kama hiyo yatahitaji msururu wa malori. Thamani yake huamuliwa na umbali uliopo kati ya shimo yanakotoka na tanuru litakaloyachoma, na wingi wake mwambani hausaidii kitu umbali huo ukiwa mkubwa. Ukiisoma historia ya makaa ya kusini kwa jicho hilo, mengi yaliyoonekana kuwa uzembe au bahati mbaya yanapata maelezo.

Wajerumani hawakuchukua muda kuyapata. Mjiolojia wao Wilhelm Bornhardt, aliyeizunguka nchi kati ya 1895 na 1897, aliandika juu ya makaa ya upande wa Ziwa Nyasa kabla karne ya 19 haijaisha. Mwamba wenyewe ni ndugu wa ule wa Afrika Kusini na India, uliofanyika zaidi ya miaka milioni 250 iliyopita wakati nchi hizi zilipokuwa bara moja. Waingereza nao walipima bonde la mto Ruhuhu, upande huo huo wa ziwa, katika miaka ya 1930, na baada ya Vita vya Pili vya Dunia wakarudi kupima tena. Kila mara ripoti ilisema makaa yapo, na kila mara yakaachwa yalipo. Serikali ya kikoloni ilipojenga reli ya kusini ilifuata karanga: njia ilianzia Mtwara ikaelekea Nachingwea kwa ajili ya ule mpango mkubwa wa karanga uliovunjika mwaka 1951, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 reli hiyo ikang'olewa. Ilipokuja reli ya TAZARA, iliyokamilika katikati ya miaka ya 1970, ilipita Mbeya kuelekea Zambia na kuiacha Ruhuhu mbali kusini. Kwa hiyo hata baada ya uhuru nchi ilikuwa na ramani nzuri sana za makaa, bila hata kilomita moja ya reli inayoyafikia.

Kiwira, katika nyanda za juu za kusini upande wa Mbeya, ndiyo sehemu ya kwanza ambako jambo hili lilifikiriwa kwa busara. Mgodi huo, uliojengwa kwa msaada wa China na kufunguliwa mwaka 1988 chini ya Shirika la Madini la Taifa, STAMICO, haukuota ndoto za kuuza nje. Ulilenga tani 150,000 tu kwa mwaka, ukawa na mtambo wake wa umeme wa megawati 6, na wateja wake walikuwa nyanda hizo hizo za juu, kikiwemo kiwanda cha saruji cha Mbeya. Shimo, umeme na tanuru vilikuwa jirani. Kilichoukwamisha ni mtaji uliokauka, mashine zilizochakaa, na ubinafsishaji wa mwaka 2005 ambao haukuleta uwekezaji uliotarajiwa, hadi mgodi ukasimama, wafanyakazi wakabaki wanadai mishahara, na serikali ikalazimika kuurudisha mikononi mwake. Watu wengi huitaja Kiwira kama ushahidi kwamba makaa hayawezi kutulipa. Mimi naiona kama mradi wenye wazo sahihi uliosimamiwa vibaya, na tofauti hiyo ni muhimu kwa yanayofuata.

Mchuchuma ni kinyume chake. Hapo wazo lilikuwa kubwa kuliko njia ya kulifikisha. Mwaka 2011 Shirika la Maendeleo la Taifa, NDC, lilitia saini na kampuni ya Kichina ya Sichuan Hongda mkataba wa mradi wa dola bilioni 3: mgodi wa makaa, mtambo wa umeme wa megawati 600, na kiwanda cha chuma kitakachotumia madini ya chuma ya Liganga, wilaya hiyo hiyo ya Ludewa. Kwenye karatasi kila kitu kilishikana: makaa yatoe umeme, umeme uyeyushe chuma, chuma kigharamie reli. Lakini makaa ya Mchuchuma si ya aina inayotengeneza koki, ile inayolishwa kwenye matanuru ya kawaida ya chuma, na mawe ya Liganga yana titani nyingi inayosumbua matanuru hayo hayo. Uyeyushaji wake unataka teknolojia ya pekee, na hiyo ina gharama. Ukaja mvutano juu ya vivutio vya kodi, zikaja sheria za maliasili za mwaka 2017, na miaka ikapita. Wananchi wa Ludewa walikaa zaidi ya muongo mmoja bila kujua kama waendeleze mashamba na nyumba zao au wasubiri fidia, ambayo ilianza kulipwa mwaka 2023. Mtu aliyekatazwa kuezeka upya nyumba yake kwa miaka kumi kwa sababu ya mgodi ambao haujachimbwa amekwisha kuulipia mgodi huo.

Ngaka, huko Mbinga, ulianza kuchimbwa mwaka 2011 kwa ubia wa NDC na kampuni ya Australia, na ndio uliotupa somo lililo wazi kuliko yote. Mwaka 2016 serikali ilipiga marufuku kuagiza makaa kutoka nje ili viwanda vya saruji vinunue ya nyumbani. Kiwanda kikubwa cha saruji cha Mtwara, kilichoko mwisho wa barabara itokayo mkoa wa Ruvuma, ulipo mgodi huo, kilikuwa kikileta makaa kutoka Afrika Kusini kwa meli na kusema kwamba hayo ndiyo nafuu. Wengi walikasirika, wakaona ni dharau kwa nchi. Lakini hesabu ilikuwa ya kweli: mzigo uliokwisha kupanda meli husafiri maelfu ya kilomita kwa gharama ndogo kwa kila tani, wakati lori linateketeza dizeli kwa kila mlima. Marufuku ilisaidia mgodi kupata wateja, na siipingi moja kwa moja, maana viwanda vichanga vya nchi zote vimewahi kukingwa kwa namna hiyo. Ila haikupunguza hata kilomita moja ya barabara.

Kisha ikaja 2022. Urusi iliivamia Ukraine, Umoja wa Ulaya ukafunga mlango kwa makaa ya Urusi kuanzia Agosti mwaka huo, na bei ya dunia ikapanda hadi zaidi ya dola 400 kwa tani. Ghafla wanunuzi wa Ulaya na Asia walikuwa wakiitafuta Mtwara kwenye ramani. Barabara ya Songea hadi Mtwara ilikuwa imewekwa lami katika miaka iliyotangulia, na bila lami hiyo bei hata ingefika mara mbili isingetusaidia. Chukua meli moja ya tani 60,000. Kwa lori linalobeba tani 30, meli hiyo inahitaji safari 2,000, kila moja zaidi ya kilomita 700 kutoka Mbinga. Kwenda na kurudi ni karibu kilomita milioni 2.8, sawa na kuizunguka dunia mara 70, ili kujaza meli moja. Malori yalipita usiku na mchana Tunduru na Masasi yakiwa yamefungwa maturubai, mama lishe na mafundi wa matairi wakapata riziki, na uzalishaji wa nchi ukavuka tani milioni 1 kwa mwaka. Kufikia katikati ya 2023 bei ilikuwa imeshuka hadi karibu theluthi moja ya kilele chake. Barabara imebaki na mashimo yaliyochimbwa na shehena hiyo, na ukarabati wake unalipiwa na mkulima wa korosho asiyewahi kuliona tanuru la Ulaya.

Hapa nitajibiwa kwamba hata Afrika Kusini ilianza hivi hivi, ikafika mahali pa kuchimba zaidi ya tani milioni 200 kwa mwaka. Ni kweli, lakini ilianza kwa kuyachoma yenyewe, kisha ikajenga reli maalumu hadi Richards Bay, bandari iliyofunguliwa mwaka 1976 na ambayo sasa ina uwezo wa kupakia tani milioni 91 kwa mwaka. Reli hiyo ilipoanza kusumbuliwa na wizi wa nyaya na uhaba wa vichwa vya treni, mauzo kupitia bandari hiyo yalishuka chini ya tani milioni 50 mwaka 2023. Makaa hayakuisha, njia ndiyo iliyoziba. Ikiwa nchi yenye migodi na reli ya namna ile inayumba hivyo, kuijenga mipango yetu juu ya bei za mwaka mmoja wa vita ni kuwabebesha watoto wetu deni.

Hoja nzito zaidi ni ile ya haki. Ulaya na Marekani zilitajirika kwa makaa kwa karne mbili, Afrika nzima inatoa sehemu ndogo sana ya hewa ukaa ya dunia, na sasa tunaambiwa tuyaache yetu chini. Sina jibu la kuipangua hoja hiyo kwa upande wa maadili, kwa sababu ni ya kweli, na wanaoitoa wana haki ya kukasirika. Ila haki ya kuchoma makaa haileti mkopo wa kujengea mtambo. Septemba 2021 Rais Xi Jinping alitangaza katika Umoja wa Mataifa kwamba China haitajenga tena mitambo mipya ya umeme wa makaa nje ya nchi yake, na China ndiyo iliyokuwa mhimili wa fedha wa Mchuchuma. Mtambo wa megawati 600 unahitaji kufanya kazi miaka 30 au 40 ili ujilipe. Wakati huo huo bwawa la Julius Nyerere, lenye megawati 2,115, lilianza kuzalisha mwaka 2024, na gesi ya Songo Songo inawasha taa zetu tangu 2004. Wapo wanaokumbusha migao ya umeme ya 2006 na 2011 na kusema maji hayaaminiki. Wanasema kweli, lakini kinga iliyo karibu dhidi ya ukame ni gesi, ambayo bomba lake limekwisha kulazwa kutoka Mtwara hadi Dar es Salaam.

Kwa hiyo ningeyapeleka wapi makaa haya? Kwanza kwenye matanuru ya saruji na chokaa ya ndani, maana klinka huiva kwa joto la karibu nyuzi 1,450 na hakuna kitu rahisi cha kuchukua nafasi ya makaa pale gesi isipofika. Pili kwenye majiko ya magereza na shule, ambako tangu mwanzoni mwa 2024 taasisi zinazolisha zaidi ya watu 100 zimezuiwa kupikia kuni na mkaa. STAMICO hutengeneza vitofali vya Rafiki kutokana na makaa ya Kiwira, na nikilinganisha na miti inayokatwa kila siku naona ni hatua njema, mradi jiko liwe na bomba la kutolea moshi. Kwenye chumba kimoja cha familia ningesita sana. Shirika la Afya Duniani lilikwisha kushauri mwaka 2014 kwamba makaa yasiyosindikwa yasitumike nyumbani, na usindikaji wa vitofali unapaswa kupimwa hadharani kabla mama yeyote hajaambiwa ni salama.

Linabaki suala la reli inayopangwa ya Mtwara hadi Mbamba Bay kwenye Ziwa Nyasa, yenye matawi ya Mchuchuma na Liganga. Imeandikwa katika mipango mingi kwamba makaa na chuma vitailipa. Ningependa ijengwe, lakini hesabu yake ifanywe upya makaa yakiwa mzigo wa ziada: iangaliwe kwanza kahawa ya Mbinga, mahindi ya Songea, korosho za Tunduru na Masasi, na shehena ya Malawi inayovuka ziwa. Ikisimama kwa mizigo hiyo, ikopewe fedha. Isiposimama, tutakuwa tumeijenga upya reli ya karanga. Na wakati hesabu hiyo inafanywa, ushuru wa huduma unaolipwa halmashauri utangazwe kijiji kwa kijiji, na dhamana ya kufukia mashimo ambayo Sheria ya Madini inamdai mwenye leseni ikaguliwe kabla ya tani ya mwisho kuondoka. Wamatengo wa Mbinga wamelima miteremko hiyo kwa ngoro vizazi na vizazi, wakichimba vishimo vinavyoshika maji na udongo usiende bondeni. Watakuwepo pale malori yatakapoacha kuja, na ardhi watakayolima ni hiyo hiyo inayochimbwa sasa.